Dhulma haipimwi kwa bendera

Katika mabaraza yetu ya kahawa, na hata madarasani ninakofundisha, kuna kauli inayorudiwa sana: kwamba Urusi ilikuwa na haki kuivamia Ukraine Februari 24, 2022, kwa sababu inapambana na Marekani. Hoja ni kuwa adui wa adui yako ni rafiki yako. Je, ndugu msomaji, hicho ni kipimo cha haki au cha hasira?

Turejee historia. Oktoba 29, 1956 Israel iliivamia Misri, kisha Uingereza na Ufaransa zikaungana nayo, kisa Rais Nasser ametaifisha Mfereji wa Suez. Waislamu walilaani, na walikuwa na haki kulaani. Moscow nayo ilikemea, na Novemba 5 ikazitishia London na Paris. Lakini siku moja tu kabla, alfajiri ya Novemba 4, vifaru vya Kisovieti vilikuwa vimeingia Budapest, mji mkuu wa Hungary, kuwazima wananchi waliotaka kujiamulia mambo yao. Wahungary wapatao 2,500 waliuawa na kiasi cha 200,000 wakaikimbia nchi. Waziri Mkuu Imre Nagy alinyongwa Juni 1958.

Sasa yule aliyeililia Misri wiki ile akainyamazia Hungary, alikuwa akitetea nini? Kama kosa ni kuingia na majeshi katika nchi ya watu, kosa hilo lilitendeka kote kuwili. Na kama Budapest halikuwa kosa, tutasema kwa hoja gani kuwa lilikuwa kosa Suez?

Wapo watakaosema Warusi walitusaidia. Ni kweli, silaha na mafunzo ya Kisovieti viliwafikia wapigania uhuru wengi wa Afrika, na fadhila haikanushwi. Lakini wema aliokutendea mtu haumpi ruhusa ya kumdhulumu jirani yake. Waulizwe Watatari wa Crimea, ambao ni Waislamu. Mei 18, 1944 serikali ya Stalin ilianza kuwahamisha kwa nguvu, wazee kwa watoto, zaidi ya watu 180,000, ndani ya mabehewa ya mizigo kwenda Uzbekistan na kwingineko. Walituhumiwa wote kushirikiana na Wajerumani, ilhali vijana wao wengi walikuwa vitani katika Jeshi Jekundu. Wala nisieleweke kuwa dhulma inakuwa dhulma pale tu anapodhulumiwa Muislamu. Damu ya Mhungary nayo ni damu.

Wengine watasema tukimlaumu Mrusi tunampa nguvu Mmarekani. Mimi naona ni kinyume chake. Tunapolalamikia uvamizi wa Iraq wa 2003 au mateso ya Wapalestina, tunaitaka dunia itumie mizani moja. Tukiwa na mizani yetu ya pili uvunguni, malalamiko yetu yanageuka ushabiki, na dhalimu hupata pa kujificha. Suratul Mutaffifin inawaonya wanaodai kipimo kamili wanapopokea na kupunja wanapowapimia wengine. Tumezoea kuwasomea aya zile wauza nafaka sokoni. Zinatuhusu pia sisi wapima habari.

Hatulazimiki kuchagua dhalimu wa kumshangilia. Tunalazimika kusimama na anayedhulumiwa, awe Gaza, Baghdad, Budapest au Crimea.

Wabillahi Tawfiq.