Ridhaa ya Mwenye Kazi

Miongoni mwa hoja zinazotolewa kuhalalisha kupakua filamu za katuni kwa njia za wizi, hakuna iliyo tamu masikioni kama ile isemayo kwamba nakala haimpunguzii mwenyewe kitu: aliyeibiwa mbuzi huamka akakuta zizi tupu, lakini aliyeibiwa filamu huikuta palepale, nzima kama alivyoiacha. Nimeisikia kwa mpwa wangu, kijana mwepesi wa fahamu na wa ulimi, ambaye hujaziwa flashi yake dukani kwa fedha isiyotosha chai na maandazi. Wala sikuidharau, madhali hoja iliyokubaliwa na wengi yastahili kujibiwa kwa insafu.

Jawabu langu ni kwamba kinachochukuliwa si picha bali ujira. Kwa desturi ya sinema, picha 24 hupita machoni kila sekunde, hata katuni ya dakika 90 ikatimiza picha 129,600, na nyuma yake wamo wachoraji, waandishi na watia sauti wasiojulikana kwa sura wala kwa jina. Malenga Mulendema wa Zambia alikuwa miongoni mwa washindi wa shindano la hadithi la studio ya Triggerfish ya Afrika Kusini mwaka 2015, lakini Supa Team 4, kisa chake cha wasichana mashujaa wa Lusaka, hakikuonekana Netflix ila mwaka 2023. Atazamaye kazi kama hiyo kwa njia ya halali huacha hesabu, na hesabu hiyo ndiyo shahidi atakayeitwa na msanii mwingine wa Kiafrika siku atakaposimama mbele ya wenye mitaji. Atazamaye kwa wizi, ajapoipenda kazi kwa moyo wake wote, ushahidi wake haupo.

Mpwa wangu hakushindwa. Alinikumbusha Kizazi Moto, mkusanyo wa filamu fupi 10 wenye jina la Kiswahili, ambao ndani yake mna kazi za Ng'endo Mukii wa Kenya na Raymond Malinga wa Uganda, na ambao ulipotoka mwaka 2023 katika huduma ya Disney+, huduma yenyewe ilikuwa haijafunguliwa Kenya, Uganda wala Tanzania. "Mjomba," aliniuliza, "asiyeuziwa atanunuaje?" Swali hilo ni la haki, na lawama yake ni ya wafanyabiashara, nao waambiwe waziwazi, lakini dhuluma haiondolewi kwa dhuluma, hasa ikiwa kisasi chetu kitamwangukia mchoraji ambaye si yeye aliyetunyima.

Tena halali si lazima iwe ghali. Ubongo, shirika la Dar es Salaam, limekuwa likionyesha Ubongo Kids katika televisheni tangu mwaka 2014, na katika YouTube pia vipindi vyake hutazamwa bure. Wala hapana doa kwa avitazamaye, kwa kuwa mwenyewe ametoa. Basi mizani ya jambo hili si bei bali ridhaa.

Tanzania ina Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 1999, lakini sheria haiingii sebuleni usiku. Huko hakimu ni dhamiri peke yake. Na kwa kuwa katuni aghalabu huletwa nyumbani kwa ajili ya watoto, mtoto huanza kufundishwa heshima ya jasho la mwenziwe kabla filamu haijaanza, kwa kuona jinsi mzazi wake alivyoipata.