Kanisa Lililochongwa Katika Mwamba

Kila mtu aliyewahi kusaidia kujenga kapela ya kijiji anajua ya kuwa kazi huanza chini. Watu hufyatua matofali, huchimba msingi, kisha hupandisha ukuta hata kufika paa. Lakini katika milima ya kaskazini ya Ethiopia uko mji mdogo uitwao Lalibela, na humo yamo makanisa 11 ambayo hayakujengwa kwa matofali wala kwa miti. Yalichongwa katika mwamba. Kazi ilianza kwenye paa, ikashuka hata mlangoni.

Nchi ile iliipokea Injili zamani sana. Katika karne ya 4 Mtakatifu Atanasi, Askofu wa Aleksandria, alimweka Mtakatifu Frumensio kuwa askofu wao wa kwanza. Mfalme Lalibela, ambaye mji waitwa kwa jina lake, alitawala mwishoni mwa karne ya 12 na mwanzoni mwa karne ya 13. Wenyeji husimulia ya kuwa malaika waliendeleza kazi usiku, mafundi walipolala. Wakristu wa huko ni Waorthodoksi, hawako chini ya Papa wa Roma; lakini ubatizo wao ni wa kweli, nao ni ndugu.

Kanisa lisifiwalo kupita yote ni lile la Mtakatifu Jorji. Mafundi walichimba handaki pana kuzunguka pande zote, kina chake mita 12 hivi, hata likabaki bonge moja la mwamba katikati. Bonge hilo wakalichonga kwa umbo la msalaba. Kisha wakaingia ndani yake, wakatoa jiwe kidogo kidogo, wakiacha kuta, matao na dari. Mgeni haoni mnara kwa mbali. Huona paa usawa wa miguu yake, limechongwa misalaba, mmoja ndani ya mwingine. Naye akitaka kuingia, hana budi kushuka. Hata habari za mvua walizifikiri, wakachonga mifereji, maana shimo lisilo na njia ya maji lingekuwa ziwa.

Kazi ya namna hiyo yataka saburi. Mwashi wa matofali akikosea, hubomoa akajenga tena. Mchonga mwamba akikata nguzo, nguzo hairudi.

Watu wa Ituri wanajua sana kuchimba. Huko Kilo na Mongbwalu jiwe hupasuliwa kwa ajili ya dhahabu. Dhahabu ikiisha kuchukuliwa, hubaki shimo. Lalibela kilichochukuliwa ni kifusi, na kilichobaki ni nyumba ya Mungu.

Basi wako wakatekumeni wanaodhani ya kuwa mafundisho ni matofali tu: leo sala moja, kesho amri moja, hata ukuta utimie na siku ya Ubatizo ifike. Kujifunza ni lazima, hakuna ubishi. Lakini mtu aweza kujibu maswali yote ya katekisimu bila kusita, na bado moyoni mwake mwamba ni mzima, haujaguswa na patasi. Amfahamu mtu wa kabila lingine aliye jirani yake, asimsalimu. Awahesabu waliomtendea ubaya, akingoja siku yake.

Neno hili ni gumu. Tangu mwaka 1999 damu nyingi imemwagika katika vilima vya Ituri, na nyumba nyingi zina wafu wao. Hakuna anayemkataza mjane kulia. Machozi si kifusi cha kutupwa. Wala kusamehe si kusema ya kuwa uovu haukutendeka. Kinachotakiwa kutoka ni ile nia ya kulipa kisasi, na Bwana wetu Yezu Kristu, aliyewaombea waliomsulubisha, ndiye mwenye kushika patasi. Nayo haitoki kwa siku moja. Leo mtu amtaje adui yake katika sala, kwa jina lake. Mwezi ujao ampishe kisimani. Baadaye amwamkie sokoni, watu wakiona.

Siku ya kuulizwa, Padri atataka kusikia amri kumi na sakramenti saba. Kisha atamwita msimamizi wa mkatekumeni pembeni, amwulize habari za majirani.