Deni la Mchumaji

Ni suala la kale, na wanavyuoni wa dini zetu wamelijadili kila mmoja kwa lugha yake: je, yawezekana mtu kudaiwa kwa madhila ambayo si yeye aliyeyaleta? Katika miteremko ya mashariki ya Mlima Kenya, kuanzia Manyatta na Runyenjes upande wa Embu hadi Nkubu na Githongo upande wa Meru, suala hilo halikai darasani peke yake. Tangu miaka ya 1930, serikali ya kikoloni ilipowaruhusu Waafrika wa Meru, Embu na Kisii kuijaribu kahawa ambayo hadi wakati huo ilikuwa imehodhiwa na walowezi, riziki ya watu wa huko imefungamana na bei isiyopangwa Embu wala Meru wala Nairobi, bali hupangwa ng'ambo, na watu ambao aghalabu hawajapata kuuona mbuni ukichanua.

Julai 1975 baridi kali iliiunguza mibuni ya Brazil, na kufikia mwaka 1977 ratili moja ya kahawa ilikuwa imepita dola 3 katika soko la dunia; na kwa kuwa Kenya, tofauti na baadhi ya jirani zake, iliacha sehemu kubwa ya neema ile imfikie mkulima mwenyewe, pakaonekana mabati mapya juu ya nyumba na watoto wengi zaidi wakapelekwa shule. Kisha tarehe 4 Julai 1989 mgao wa mauzo uliowekwa na Mkataba wa Kimataifa wa Kahawa ukasimamishwa, bei ikaporomoka, na ijapokuwa ilipata nafuu ya muda katikati ya miaka ya 1990, mwaka 2001 ilikuwa imeshuka chini ya senti 50 kwa ratili. Mavuno ya Kenya, yaliyokaribia tani 130,000 katika msimu wa 1987/88, yakapungua hata yasifike nusu ya hayo. Dawa iliyoletwa ilikuwa kulegeza hatamu: sheria ya ushirika ya mwaka 1997 iliuondoa mkono wa serikali katika vyama, vyama vikubwa vikagawanyika vipande vipande, na kila kipande kikabaki na fungu lake la madeni. Baadaye serikali, moja baada ya nyingine, zikatangaza kuyafuta madeni hayo. Nakubali kwamba kufuta deni la mnyonge ni jambo jema, na Torati iliamrisha hivyo kila mwaka wa saba. Lakini nauliza ni deni la nani lililofutwa, na ni nani ambaye hata deni hakuwa na haki ya kulipata.

Mchumaji, ambaye aghalabu ni mwanamke aliyepanda kutoka nyanda kavu za Tharaka au za Mbeere, hufika shambani umande ungali majanini, akajifunga ndoo kiunoni, akavuta tawi kwa mkono mmoja huku vidole vya mkono wa pili vikichambua matunda mekundu na kuyaacha mabichi, maana mabichi yakionekana juu ya magunia yanapotandazwa kiwandani hutengwa, na hasara humrudia mwenye shamba. Jioni huja kipimo. Nimemwona mwenye shamba akilitikisa debe ili matunda yashuke, kisha akataka lijazwe tena mpaka liwe na kilele, na mama yule akalijaza bila kunena neno. Mzigo ukifika kiwandani hupimwa upya kwa kilo, na karani huandika daftarini jina la mwanachama, namba yake na uzito wa kahawa yake. Nalo daftari hilo ndilo ushahidi wote utakaotumiwa baadaye kuamua ni nani wa kulipwa, wa kukopeshwa, wa kupewa mbolea ya ruzuku na wa kusamehewa. Jina la mchumaji halimo. Bei inapoanguka, mwenye shamba huchuma na wanawe, au huacha matunda yakauke mtini kwa kuwa ujira wa debe umepita thamani ya kahawa iliyomo. Na mchumaji hafukuzwi kazi, kwa sababu hakuna aliyepata kumwandika kazini. Hufika tu penye lango, akaambiwa leo hakuna kitu, naye hurudi zake, wala hakuna atakayemhesabu kuwa amepoteza ajira.

Wapo watu wenye akili timamu wasemao kwamba katika jambo hili hakuna mkosaji, na pasipo mkosaji hapana mdaiwa: baridi ya Brazil ni kudra ya Mwenyezi Mungu, soko ni soko, na mkulima wa Runyenjes mwenyewe ni fukara aliyefilisika. Maneno hayo yana ukweli ndani yake, na mtu mwenye insafu hawezi kumtwika mkulima wa ekari moja dhambi za dunia nzima. Hata hivyo natija yao siikubali, kwa kuwa inadhani kwamba deni huzaliwa na hatia peke yake, ilhali dini zilizowalea watu wa milima ile zinafundisha vingine. Torati ilimwamuru mwenye shamba asivune mpaka kwenye pembe za shamba wala asirudi kuokota masazo, na Ruthu Mmoabu alipookota nyuma ya wavunaji wa Boazi hakuwa akila sadaka ya mtu mkarimu tu, bali alikuwa akichukua fungu ambalo sheria ilikuwa imekwisha kumtengea yeye na mfano wake, bila kuuliza ni nani aliyesababisha njaa. Hali kadhalika Mtume Muhammad, rehema na amani zimshukie, aliagiza mwajiriwa apewe ujira wake kabla jasho lake halijakauka. Wala hakuweka sharti kwamba mwaka uwe mwema.

Lakini mfano mzito kuliko yote ni wa Nabii Yusuf, kwa kuwa yeye hasa ndiye aliyepewa dhima ya kuiongoza nchi katika miaka saba ya neema na saba ya dhiki. Waislamu na Wakristo humsifu kwa pamoja kwa kuweka akiba, na sifa hiyo anaistahili. Kitabu cha Mwanzo, hata hivyo, katika sura ya 47, chaendelea mahali ambapo wahubiri wetu hupapita upesi: njaa ilipozidi, Wamisri walitoa kwanza fedha zao, kisha mifugo, kisha mashamba na nafsi zao, hata nchi ikawa ya Farao na wao wakawa watumwa wake, wakitoa humusi ya mavuno kila mwaka. Waliookoa ardhi yao walikuwa makuhani peke yao, maana hao walikuwa na posho iliyopangwa kutoka kwa Farao. Watu waliokoka na njaa, na hilo si dogo. Lakini aliyekuwa katika orodha ya mfalme alitoka katika dhiki ile na mali yake yote, na aliyekuwa nje yake alitoka na uhai wake tu.

Mwaka 2020 tuliliona jambo hilo kwa macho yetu. Machi ya mwaka huo, janga la korona lilipoingia na Somalia ikafunga anga yake, miraa ya vilima vya Nyambene huko Meru, ambayo Uingereza ilikuwa imekwisha kuipiga marufuku Juni 2014, ikakosa soko lake kubwa la nje hadi Julai 2022, na huko Maua, Laare na Muringene wakakaa bure waparamiao miti, wafungao vibunda kwa majani ya mgomba, wapakiao pikapu na waziendeshao mbio mpaka Nairobi. Aprili 2020 serikali ilimwondolea kodi ya mshahara kila apataye shilingi 24,000 au chini ya hapo kwa mwezi. Huruma ile ilikuwa ya kweli. Ila kusamehewa kodi ya mshahara kwahitaji kwanza mshahara ulioandikwa mahali, na mkata miraa wa Laare, ambaye pato lake lilikuwa limekoma kabisa, hakuwa na kitu cha kusamehewa.

Kwa hiyo nasema kwamba kosa letu halianzi katika mwaka wa dhiki, bali katika mwaka wa neema, siku tunapoandika daftari. Februari 2025 kahawa ilipita dola 4 kwa ratili, juu ya kilele kile cha 1977, na wakulima wa Embu na Meru walioivumilia mibuni yao wamestahili kila shilingi. Maadamu bei ni njema, senti chache za kila kilo zaweza kutengwa, na chama, na mnunuzi, na serikali ya kaunti, kwa ajili ya wale ambao mikono yao ndiyo iliyoijaza mizani, ili soko litakapoanguka tena mchumaji awe na fungu lake kwa haki wala si kwa kuomba. Nimejibiwa kwamba vibarua huhamahama na hawaandikiki. Mkulima hupewa namba na chama siku anapojiunga. Mchumaji aweza kupewa yake siku ya debe lake la kwanza, akaenda nayo kutoka shamba hadi shamba, na mvuno mkuu wa Oktoba watosha kuanzia.