Chokoleti na Swali la Saumu

Je, chokoleti inavunja mfungo? Swali hilo liliwasumbua wanateolojia wa Kikatoliki kwa muda mrefu baada ya Wahispania kuiteka Meksiko mwaka 1521. Huko kakao ilikuwa ya kunywa: mbegu zilikaangwa, zikasagwa, zikakorogwa kwa maji, mara nyingine na pilipili, na ilikuwa na nafasi yake katika ibada za wenyeji. Thoma wa Akwino alikwisha kufundisha kwamba kinywaji hakivunji mfungo wa Kanisa. Tatizo ni kwamba chokoleti inashibisha. Mwaka 1636 Antonio de León Pinelo alichapisha kitabu kizima juu ya suala hilo mjini Madrid. Mwaka 1664 Kardinali Francesco Maria Brancaccio akatoa hukumu: ni kinywaji, haina neno.

Mjadala huo ulikitazama kikombe kuliko mnywaji. Mtu aliweza kushiba chokoleti nzito tangu asubuhi bila kuvunja kanuni, na njaa iliyokusudiwa asiionje.

Kwa Waislamu wa Kariakoo, Dar es Salaam, ambao wengi wao hufuata madhehebu ya Shafi, mjadala kama huo usingeanza. Tangu alfajiri hadi magharibi, hata funda moja la maji likinywewa kwa kusudi, saumu imebatilika. Muuza kahawa hungoja watu wafuturu ndipo apite na birika lake juu ya jiko la mkaa, akigonganisha vikombe, kashata zikiwa pembeni. Lakini aliyekunywa mchana kwa kusahau, saumu yake inasihi. Sheria iliyo kali hivyo juu ya maji haimhukumu mtu kwa asichokikusudia, na hapa ndipo inapoizidi hoja ya Brancaccio.

Mwaka 1966 Papa Paulo VI alipunguza siku za lazima za kufunga zikabaki Jumatano ya Majivu na Ijumaa Kuu. Sasa Wakristo wengi hujichagulia cha kujinyima wakati wa Kwaresima, pengine chokoleti. Kujinyima huko kuna uzito kwa aliyezoea kuila. Kwa mkulima wa Kyela, anayeanika kakao na kuiuza bila kuonja chokoleti yake, si toba, ni maisha ya kila siku. Mfungo usiomfikia asiye nacho umepungukiwa. Ndiyo maana Ramadhani haimaliziki bila zakatul-fitri, nayo hutolewa kwa chakula kikuu cha mji. Kwa Dar es Salaam ni mchele, pishi kwa kila mtu wa nyumba, umfikie maskini kabla ya swala ya Idi.