Mlinzi Asiyetajwa Jina



Katika 1 Samweli 17:20 yumo mtu mmoja ambaye wahubiri humpita mbio wakimkimbilia Goliathi. Daudi ametumwa na Yese, baba yake, kupeleka bisi, mikate 10 na jibini 10 kambini, katika bonde la Ela. Kabla ya kuondoka aliwakabidhi kondoo kwa mlinzi. Jina lake halikuandikwa. Eliabu alipomwuliza mdogo wake kwa ukali ni nani aliyeachiwa kondoo, Daudi hakulijibu swali hilo.

Mfikirini mtu yule. Macho ya nchi nzima yako vitani. Yeye yuko peke yake nyikani na kondoo wasio wake, tena wanaomtafuta mchungaji wao. Daudi mwenyewe alimweleza Sauli jinsi simba na dubu walivyokuwa wakinyakua kondoo kundini. Mlinzi angelala usiku ule, nani angemwona?

Torati inalijua jambo hili. Kutoka 22:10-13 yaeleza habari za mtu aliyewekewa punda, ng'ombe au kondoo wa jirani yake. Mnyama akiibwa, mlinzi hulipa. Akiraruliwa na mnyama mkali, huleta mabaki yawe ushahidi, wala halipi. Lakini akifa pasipo kuonekana na mtu, mlinzi huapa mbele za Bwana, na mwenye mnyama hana budi kukubali. Upweke wa mlinzi umetiwa ndani ya sheria yenyewe: shahidi hayupo, ila Mungu.

Nasi tunao walinzi wa namna hiyo. Krismasi ikikaribia watu hufunga nyumba kwenda kwao, na mbwa huachiwa jirani, mara nyingi mjane au mzee asiye na safari. Funguo huletwa dakika ya mwisho, fedha ya chakula haitoshi, na mbwa hulia langoni usiku kucha. (Wengine husema, "Si mbwa tu?" Na wasome Mithali 12:10.) Mzee huyo hukosa ibada ya mkesha, wala hapana anayeuliza yuko wapi.

Ewe mwenye mbwa, pamoja na funguo mpe jirani yako cheti cha chanjo ya kichaa cha mbwa, fedha iliyohesabiwa, na namba ya simu utakayoipokea. Mbwa akimwuma, aoshe jeraha kwa maji mengi na sabuni dakika 15, kisha aende hospitali siku ile ile. Nanyi mnaobaki mtaani, piteni kwake baada ya ibada ya kwanza ya Krismasi. Mmoja akae na mbwa, ili yeye aiwahi ya pili, apokee Ushirika Mtakatifu.