Muda wa Kukomboa Nyumba



Katika Walawi 25 imeamriwa kwamba mtu akiuza nyumba iliyo ndani ya mji wenye boma, apewe mwaka mzima wa kuikomboa. Ukipita, nyumba ni ya mnunuzi daima. Sheria ya Minnesota, nchini Marekani, ambako Walutheri ni wengi, nayo ilimpa mwaka mmoja mtu ambaye nyumba yake ya rehani imeuzwa kwa deni. Walakini mwaka 1933 fedha ziliadimika sana. Ndipo ikatungwa sheria ili hakimu aweze kuuongeza muda huo, usipite tarehe 1 Mei 1935.

Mume na mke wa Minneapolis, ambao nyumba yao ilikwisha kuuzwa mnadani kwa dola 3,700 na senti 98, waliiendea mahakama. Wakaongezewa muda, lakini (angalieni, ninyi wenye madeni) waliagizwa kulipa dola 40 kila mwezi, kwa kodi, bima, riba na deni lenyewe. Haikufutwa hata senti moja. Mdai akalalamika mpaka Mahakama Kuu ya Marekani kwamba mapatano yamevunjwa. Na mwaka 1934 waamuzi watano waliikubali sheria ile, wanne wakaikataa.

Sidhani wale wanne walikosa huruma, maana mapatano ni neno zito. Lakini Kumbukumbu la Torati 24 yamwamuru mdai asimame nje, asiingie nyumbani kutwaa rehani. Haki yake haiondolewi. Aambiwa angoje mlangoni.

Basi walimu, neno la namna hii likiletwa mbele ya wazee, mwulizeni mdeni kwanza aweza kuleta kiasi gani kila mwezi, kisha mwombeni mdai muda.