Harusi ya Siku Moja, Furaha ya Mwaka Mzima

Somo: Kumbukumbu la Torati 24:5, Luka 14:28–30

Wiki hii tuongee juu ya harusi, kwa sababu Desemba inakaribia na kadi za kamati zimeanza kutembea. Karibu kila Jumapili, ibada ikiisha, kuna kijana ananivuta pembeni: "Pasta, Jumamosi jioni tuna mkutano wa kamati, usikose." Hiyo si vibaya. Kuchangiana ni desturi yetu njema. Lakini kuna wengine katikati yetu ambao hawanialiki popote. Wameishi pamoja miaka mitano, wengine tisa, ile ndoa ya "njoo tuishi". Wana watoto shuleni. Meza ya Bwana ikiandaliwa, wao wanabaki wamekaa. Ukiwauliza shida ni nini, jibu ni lile lile: "Pasta, bado tunatafuta pesa ya harusi." Neno la leo ni lenu kwanza, wapendwa.

Fungua Kumbukumbu la Torati 24:5. Musa aliagiza kwamba mtu akioa mke mpya, asipelekwe vitani wala asitwikwe shughuli nyingine yoyote. Akae huru nyumbani kwake mwaka mmoja, amfurahishe mke aliyemwoa. Mwambie jirani yako, "Mwaka mmoja!"

Sasa angalia vizuri. Hapo hakuna idadi ya wageni. Hakuna urefu wa gauni. Kitu ambacho Mungu alikilinda kwa sheria ni ule mwaka wa kwanza. Basi nikuulize, ndugu yangu: yule aliyefanya harusi kwa mkopo, yuko huru nyumbani mwaka huo? Jumamosi amecheza na MC, Jumatatu mkopo wa simu umeanza kutuma meseji. Mwisho wa mwezi sacco imekata mshahara. Mdhamini wake naye anapiga simu. Kijana wa watu anaongeza zamu, analala nje akitafuta pesa, na bibi arusi yuko nyumbani peke yake na albamu ya picha. Mithali 22:7 inatuambia aliyekopa ni mtumwa wa aliyemkopesha. Utumwa na ule mwaka wa furaha haviwezi kukaa nyumba moja.

Kwa hivyo chukua kipimo hiki uende nacho nyumbani: harusi yenu iwe na ukubwa ule ambao utauacha mwaka wenu wa kwanza ukiwa huru. Mwenye uwezo wa wageni 500 na asidaiwe na mtu, afanye, nitakuja na nitakula. Mwenye uwezo wa wageni 40, hao 40 ni harusi kamili.

Sisi ni watu wa Uasin Gishu, tunajua mahindi. Tunavuna kuanzia Oktoba, na Desemba ndio msimu wa harusi. Nimeona familia ikiuza magunia haraka haraka, bei ikiwa chini, ili hema na magari yalipwe. Januari karo ya shule inabisha hodi. Machi mvua inakaribia na hakuna pesa ya mbolea wala mbegu. Hiyo sherehe imekula mavuno mawili, yale yaliyovunwa na yale ambayo hayajapandwa.

Katika Luka 14 Bwana Yesu anasema juu ya mtu anayetaka kujenga mnara. Anaketi kwanza, anapiga hesabu, asije akaweka msingi kisha ashindwe kumaliza na watu wamcheke. Sisi tunaogopa kuchekwa kwa sababu ya harusi ndogo. Lakini katika mfano huu, anayechekwa ni yule ambaye hakupiga hesabu.

Mtu ataniambia, "Pasta, lakini Yesu alienda Kana, na divai ilijaa mitungi sita ya mawe!" Amina, alienda. Aliifunika aibu ya ile nyumba, na hakumwachia bwana arusi deni hata moja. Ukiona harusi ambayo wageni wameenda nyumbani na wenye harusi wamebaki kudaiwa, hiyo usiseme ni ya Kana.

Tuulize basi, ndoa inahitaji nini hasa? Soma Ruthu 4. Boazi aliketi langoni na wazee kumi, jambo likasemwa wazi, watu wakashuhudia na kubariki. Hata serikali yetu haidai mengi. Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014 inataka kila mmoja awe ametimiza miaka 18, akubali kwa hiari yake, mashahidi wawili wawepo, na mchungaji anayefungisha awe na leseni. Keki haimo kwenye hiyo sheria. Hema pia halimo.

Wengi mnawakumbuka wale wawili wa Kasarani, Nairobi, Januari 2017. Walikuwa wameahirisha harusi kwa kukosa pesa. Mwishowe waliingia kanisani na nguo za kawaida, na pete ambazo zote mbili ziligharimu shilingi 100. Nchi nzima iliongea. Tarehe 14 Februari mwaka huo huo wahisani wakawaandalia sherehe kubwa. Sisi tunapenda kusimulia ile ya Februari. Lakini mbele za Mungu walikuwa mume na mke tangu Januari, na Februari haikuongeza ndoa yao hata kidogo. Wala usioe ukingoja wahisani. Oa kwa kile ambacho Mungu ameshaweka mkononi mwako.

Wacha niwe wazi na hesabu, maana imani haikatazi kalamu. Niliketi na vijana wawili wa hapa kanisani wenye shilingi 65,000 walizoweka kwa chama. Tuliandika hivi: chakula cha watu 60 kipikwe na akina mama wa kanisa, 30,000. Gauni na suti za kukodisha, 12,000. Picha, 8,000. Pete, 6,000. Keki, 4,000. Dharura, 5,000. Ukumbi ni wa kanisa, viti ni vya kanisa, kwaya ni yetu. Yaliisha hapo. Tulianza na pesa iliyo mkononi, ndipo tukaandika majina ya wageni. Wengi huanza na majina. Na kwenye kamati kumbuka, ahadi si pesa. Usilipe malipo ya kwanza ya kitu kwa sababu mjomba ameahidi.

Na wale ambao hawataalikwa? Usiwafiche. Nenda kwa shangazi, nenda kwa jirani, uwaambie kwa heshima kabla hawajasikia kwa wengine. Baada ya harusi watembeleeni nyumbani, mnywe chai nao. Watu huumia zaidi wakipuuzwa kuliko wakikosa sahani ya pilau.

Wazazi wetu, akina baba na akina mama, nawaomba kwa unyenyekevu. Koito ni jambo jema. Familia mbili zikikaa pamoja, mursik ikimiminwa, watoto wanapata baraka. Vile vile wale wa jamii zingine na mila zenu. Lakini siku hizi koito imekuwa harusi ya kwanza, na harusi inakuwa ya pili, na mfuko ni ule ule mmoja. Mahari ikiwa nzito, kijana alipe polepole kama mlivyofanyiwa ninyi. Msimzuie binti asifunge ndoa kwa sababu ng'ombe hawajatimia. Mithali 15:17 inasema mboga penye upendo ni bora kuliko ng'ombe aliyenona penye chuki. Tuwapatie watoto wetu hiyo mboga.

Ninyi mnaoishi pamoja mkingoja pesa: njooni ofisini Jumatano jioni. Hatutawauliza mmeweka ngapi. Tutawafundisha, tutatangaza majina yenu, na mkiwa tayari tutawafungisha ndoa hata ndani ya ibada ya Jumapili, mashahidi wenu wakiwa mbele na kanisa lote likiwa wageni wenu. Mtakula kile tutakachopika siku hiyo. Halafu Meza ya Bwana ikiandaliwa, mtainuka pamoja na sisi.

Tuombe: Baba, tuondolee hofu ya macho ya watu. Wape vijana wetu hekima ya kuhesabu, wape wazazi moyo mwepesi, na ulinde mwaka wa kwanza wa kila nyumba mpya katika kanisa hili. Katika jina la Yesu. Amina.